Jalada la mikopo: Lisome kabla benki haijalisoma

Mfanyabiashara wa vitunguu katika soko la Kongowea, Mombasa, anaweza kuwa na kibanda cha kudumu, wateja wa kudumu na lori linalomsubiri upande wa Tanzania, na bado akatoka benki mikono mitupu. Afisa mikopo hana haja ya kwenda sokoni kumwona akiuza. Anaingiza namba ya kitambulisho kwenye kompyuta, anasoma ukurasa mmoja au miwili, na jibu linapatikana. Kama ukurasa huo una deni la sh. 2,300 la mkopo wa simu, deni lililosahauliwa pamoja na laini ya zamani, ombi la sh. 400,000 linaweza kuishia hapo hapo mezani.

Ukurasa huo hutoka katika kampuni zinazotunza kumbukumbu za mikopo, ambazo nchini Kenya kila mtu, kuanzia muuza mitumba wa Gikomba hadi mwenye ghala la nafaka, anaziita kwa herufi tatu tu: CRB. Wengi wanazijua kwa kuziogopa. Wachache wanajua kwamba sheria inampa mkopaji haki ya kulisoma jalada lake bila malipo walau mara moja kwa mwaka, kulipinga pale lilipokosewa, na kutaka lirekebishwe katika muda maalumu. Haki hiyo isipotumika, anayeumia ni mfanyabiashara mwenyewe.

Hesabu ya mfano huu ni rahisi. Tuseme benki ingemtoza mfanyabiashara yule riba ya asilimia 1.5 kwa mwezi. Kwa sh. 400,000 angelipa sh. 6,000 kwa mwezi, yaani sh. 18,000 kwa miezi mitatu. Akikataliwa, anakwenda kwa mkopeshaji wa mtaani, yule Wakenya wanayemwita shailoki. Huyo akimtoza asilimia 10 kwa mwezi, riba ni sh. 40,000 kila mwezi, na kwa miezi mitatu ni sh. 120,000. Tofauti ni sh. 102,000, yote imesababishwa na deni la sh. 2,300. Faida ya lori zima la vitunguu inaweza kuliwa na tofauti hiyo kabla gunia la kwanza halijafunguliwa.

Jalada lina nini

Jambo la kwanza la kuelewa ni kwamba CRB haitoi mkopo wala haikatai mkopo. Kazi yake ni kukusanya taarifa kutoka kwa wakopeshaji, kuziunganisha kwa namba ya kitambulisho cha mkopaji au namba ya usajili wa kampuni, na kuzitoa kwa mkopeshaji mwingine anayetaka kujua tabia ya mwombaji. Uamuzi wa kukopesha unabaki kwa benki yenyewe. Kwa hiyo kauli ya afisa mikopo kwamba "CRB wamekukataa" si sahihi. Aliyekataa ni benki, baada ya kusoma alichokisoma.

Jambo la pili ni kwamba taarifa hizo hazitungwi na CRB. Zinaletwa na mabenki na wakopeshaji wengine wanaoruhusiwa kushiriki katika mpango huo. Jalada la kawaida huwa na majina na namba za utambulisho, orodha ya mikopo ya sasa na ya zamani, kiasi kilichokopwa, kiasi kilichobaki, tarehe za malipo, na siku ambazo mkopaji alichelewa. Mkopo ukipita siku 90 bila kulipwa kama ilivyokubaliwa huhesabiwa kuwa mkopo chechefu, yaani deni bovu, na ndipo mkopaji husemwa mitaani kuwa "ameorodheshwa CRB".

Msemo huo wa kuorodheshwa umewapotosha wengi. Watu hudhani kuna orodha nyeusi ya wakosaji, na kwamba asiyekuwamo katika orodha hiyo hana jalada lolote. Ukweli ni kwamba kila aliyewahi kukopa katika taasisi inayoshiriki ana jalada, hata kama amelipa kila senti kwa wakati. Jalada zuri ni mali ya mwenyewe kama ilivyo hati ya kiwanja.

Kutokana na taarifa hizo, kampuni hukokotoa alama. Metropol, mojawapo ya kampuni hizo nchini Kenya, hutumia alama kati ya 200 na 900, na kadiri alama inavyopanda ndivyo mkopaji anavyoonekana wa kuaminika. Mwenye historia ndefu ya kulipa kwa wakati hupanda. Anayechelewa mara kwa mara hushuka hata kama hatimaye hulipa.

Mambo yalikotoka

Wazo la kuhifadhi sifa za wakopaji si jipya. Mwaka 1841 mfanyabiashara Lewis Tappan alianzisha mjini New York wakala wa kuwauzia wenye maduka ya jumla taarifa za uaminifu wa wateja wao wa mbali. Biashara hiyo ilikua kwa zaidi ya karne nzima kabla Marekani haijatunga, mwaka 1970, sheria ya kumpa raia haki ya kujua yaliyoandikwa juu yake. Taarifa zilitangulia, haki zikafuata baadaye sana.

Katika Afrika Mashariki msukumo ulitokana na madeni mabovu. Katika miaka ya 1980 na 1990 mabenki kadhaa ya Kenya yalianguka, na mikopo isiyolipwa ilikuwa miongoni mwa sababu kubwa. Mtu aliweza kukopa katika benki moja, asilipe, kisha akavuka barabara na kukopa katika benki ya pili, kwa sababu mabenki hayakuwa yakiambiana. Nchini Tanzania hali ya mabenki ya umma ilikuwa mbaya kiasi kwamba mwaka 1991 kilianzishwa chombo maalumu, LART, kushughulikia madeni yao sugu.

Kenya ilitoa kanuni zake za kwanza za CRB mwaka 2008, nazo zikaanza kutumika mwaka 2009. Kampuni ya kwanza ilipewa leseni mwaka 2010, ambayo baadaye ilichukua jina la TransUnion. Metropol ilifuata mwaka 2011, na Creditinfo mwaka 2015. Mwanzoni mabenki yalipeleka taarifa mbaya tu, yaani za walioshindwa kulipa. Kanuni mpya zilizoanza kutumika mwaka 2014 ziliruhusu pia taarifa nzuri zishirikishwe. Hapo ndipo mlipaji mwema alipopata, kwa mara ya kwanza, ushahidi wa kuonyesha katika benki asiyofahamika.

Mikopo ya simu ilivyobadili hesabu

Kanuni za awali zilitungwa kwa kuwafikiria wakopaji wakubwa waliokuwa wakihama benki hadi benki. Lakini mwezi Novemba 2012 huduma ya M-Shwari ilianza, na mkopo ukawa jambo la kubonyeza simu. Huduma nyingine zikafuata, baadhi za mabenki na baadhi za kampuni zisizokuwa chini ya usimamizi wa mtu yeyote. Mkopo wa sh. 500 au sh. 1,000 ulitolewa kwa dakika chache bila mdhamini wala fomu. Uliposhindwa kulipwa, uliingia katika jalada lile lile linaloandikwa mikopo ya mamilioni.

Malalamiko yaliongezeka hadi Benki Kuu ya Kenya ikachukua hatua mwezi Aprili 2020. Iliwaondolea wakopeshaji wa simu wasiosimamiwa ruhusa ya kupeleka taarifa CRB, ikieleza kwamba walikuwa wakiutumia mfumo vibaya na hawakujibu malalamiko ya wateja. Kanuni mpya za mwaka huo zilikataza kupelekwa kwa taarifa mbaya za mikopo ya chini ya sh. 1,000, na wale waliokuwa wameorodheshwa kwa kiasi kidogo kuliko hicho wakaondolewa. Aidha, cheti cha kwanza cha kuonyesha kwamba mtu hana deni bovu kiliwekwa kuwa cha bure.

Kisha kukawa na nafuu za muda. Kutokana na janga la korona, uorodheshaji wa mikopo iliyoharibika kuanzia Aprili 2020 ulisimamishwa kwa miezi sita. Mwezi Oktoba 2021 ulisimamishwa tena kwa miezi 12 kwa mikopo ya chini ya sh. milioni 5. Nafuu hizo zilikwisha, na madeni yalibaki pale pale.

Takwimu zilizotolewa na Benki Kuu mwezi Novemba 2022 zinaonyesha ukubwa wa tatizo. Wakopaji wa simu wapatao milioni 4.2 walikuwa na mikopo mibovu ya jumla ya takriban sh. bilioni 30. Gawanya, utapata wastani wa sh. 7,000 na kidogo kwa kila mtu. Mikopo yote ya mabenki ya Kenya wakati huo ilikuwa sh. trilioni 3.6, kwa hiyo deni la watu hao wote lilikuwa kama asilimia 0.8 tu. Kwa maneno mengine, mamilioni ya watu walikuwa wamefungiwa mlango wa mikopo kwa fedha ambazo hazikufika hata shilingi moja katika kila shilingi mia zilizokopeshwa.

Benki Kuu ilianzisha mpango wa kurekebisha kumbukumbu, ambapo wakopeshaji walioshiriki walisamehe angalau nusu ya deni la mkopo wa simu wa siku 30 au pungufu, na hali ya mkopaji ikabadilishwa kutoka mkopo mbovu kuwa mkopo unaolipwa. Aliyebakiwa na deni alipewa hadi tarehe 31 Mei 2023 kulimaliza. Mpango huo umekwisha. Asiyetumia nafasi ile leo anarudi kwenye haki za kawaida, nazo ndizo kiini cha makala haya.

Haki tano za mkopaji

Kanuni za Kenya zinampa mkopaji haki ambazo mfanyabiashara yeyote anapaswa kuzijua kama anavyojua bei ya mafuta.

Ya kwanza ni haki ya kuonywa. Kabla ya kupeleka taarifa mbaya, mkopeshaji anatakiwa kumjulisha mteja siku 30 kabla. Onyo hilo ni nafasi ya kulipa, kuomba kupangiwa malipo upya, au kueleza kwamba deni si lake. Mahakama za Kenya zimewahi kuamua kwa upande wa wateja walioorodheshwa kimakosa au bila notisi inayotakiwa.

Ya pili ni haki ya kuambiwa sababu. Benki ikikataa ombi kwa sababu ya kilichomo katika jalada, inapaswa kumweleza mwombaji hivyo na kumtajia CRB iliyotoa taarifa. Mfanyabiashara asikubali kuondoka na maneno ya jumla kama "mfumo umekataa". Aombe maelezo kwa maandishi.

Ya tatu ni haki ya kusoma. Mkopaji anaweza kupata ripoti yake bila malipo walau mara moja kwa mwaka, na pia anapokataliwa mkopo kutokana na ripoti hiyo. Siku hizi maombi hufanyika kwa tovuti, kwa programu ya simu au kwa kufika ofisini na kitambulisho. Hapa ni vizuri kutofautisha ripoti na cheti. Cheti husema tu kwamba mtu hana deni bovu, nacho huombwa hata na baadhi ya waajiri. Ripoti huonyesha kila mkopo na kila malipo. Anayetaka kujua benki itaona nini asome ripoti.

Ya nne ni haki ya kupinga. Mkopaji akiandika kwamba taarifa fulani si sahihi, CRB inatakiwa kuweka alama kwenye jalada kwamba jambo hilo lina mgogoro, na kulichunguza pamoja na mkopeshaji aliyeleta taarifa. Uchunguzi usipokamilika katika siku 21, taarifa inayobishaniwa inapaswa kufutwa. Mzigo wa kuthibitisha hauwezi kuachwa kwa mteja peke yake milele.

Ya tano ni haki ya kusahauliwa baada ya muda. Taarifa ya mkopo uliokuwa mbovu hukaa kwa miaka 5 tangu deni lilipomalizwa, kisha inaondolewa. Angalia neno hilo: tangu lilipomalizwa. Anayekaa kimya akingoja deni lizeeke hajaanza hata kuhesabu mwaka wa kwanza.

Juu ya hizo, Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inampa kila mtu haki ya kuziona taarifa zake binafsi na kutaka zilizo za uongo zisahihishwe au zifutwe. Ofisi ya Kamishna wa Data imeonyesha kwamba inaweza kuuma: mwaka 2023 iliitoza kampuni moja ya mikopo ya simu faini ya sh. 2,975,000 kwa kutumia majina na namba za watu kinyume cha sheria katika kudai madeni.

Makosa hutokea wapi

Makosa mengi yana chanzo kinachojulikana. Lipo deni lililolipwa lakini mkopeshaji hakupeleka taarifa mpya, hivyo jalada bado linasema mteja anadaiwa. Ipo akaunti ya benki iliyoachwa bila kufungwa rasmi, ambayo makato yake ya kila mwezi yaliifanya idaiwe bila mwenyewe kujua. Yapo majina yanayofanana na namba za kitambulisho zilizoandikwa vibaya. Na upo mkopo uliochukuliwa na mtu mwingine kwa kitambulisho kilichopotea.

Laini ya simu ni mtego wa peke yake. Wapo wanaodhani kwamba ukitupa laini umetupa na deni. Mkopo wa simu umefungwa kwenye namba ya kitambulisho, na laini ni njia tu ya kupitishia fedha. Laini ikifa, kinachokufa ni uwezo wa mkopaji kupokea onyo, lakini deni linaendelea kuishi.

Mdhamini naye asijione yuko mbali. Aliyeweka sahihi kumdhamini ndugu au mwenzake sokoni amekubali kubeba mzigo ule ule, na mkopaji akishindwa, benki humgeukia yeye.

Anayekuta kosa afuate utaratibu. Aanze kwa mkopeshaji aliyeleta taarifa, kwa sababu ndiye mwenye vitabu vya hesabu. Apeleke barua yenye tarehe, nakala ya kitambulisho, risiti au ujumbe wa malipo, na taarifa ya akaunti inayoonyesha fedha zilitoka. Siku hiyo hiyo apeleke malalamiko kwa CRB ili siku 21 zianze kuhesabiwa. Abaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Kosa likionekana katika kampuni moja, aulize na katika nyingine zenye leseni, maana taarifa hupelekwa kote. Wasipomsikiliza, Benki Kuu hupokea malalamiko, na mahakama zipo.

Aliyekuwa anadaiwa kweli na akalipa naye ana kazi moja iliyobaki: adai barua ya kumaliza deni, kisha baada ya wiki chache asome tena jalada aone kama limebadilika.

Wasafisha majina

Mahali palipo na hofu hapakosi mtu wa kuichuma. Wapo watu wanaotangaza katika mitandao na hata sokoni kwamba watakusafishia jina CRB kwa ada. Mfanyabiashara ajue kwamba taarifa ya kweli haiwezi kufutwa na mtu wa kati, na taarifa ya uongo inaweza kupingwa na mwenyewe. Anayelipa ada hiyo analipia haki anayopewa na sheria, au anatapeliwa. Mbaya zaidi, huwa ameacha nakala ya kitambulisho chake mikononi mwa mtu asiyemjua, na ndivyo mikopo isiyo yake inavyozaliwa.

Upande wa mabenki

Mabenki nayo yana hoja. Pasipo na kumbukumbu, benki haiwezi kumtenga mlipaji mwema na mdanganyifu, hivyo huwatoza wote riba ya juu au hudai hati ya nyumba kwa kila mkopo. Anayelipa kwa wakati hubeba mzigo wa asiyelipa. Kumbukumbu nzuri zinapaswa kuvunja mzunguko huo, mwenye jalada safi akatozwa kidogo.

Kenya ilipata funzo katika jambo hili. Kati ya mwaka 2016 na 2019 sheria iliweka kikomo cha riba, kisichozidi asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu. Nia ilikuwa njema, lakini mabenki yaliona kwamba hayawezi kumtoza zaidi mkopaji mwenye shaka, hivyo mengi yaliwaacha wafanyabiashara wadogo na kununua dhamana za serikali. Kikomo kiliondolewa, na tangu hapo mabenki yamekuwa yakihimizwa kupanga riba kwa kuangalia hatari ya kila mkopaji. Mwenye jalada zuri sasa ana haki ya kuuliza swali gumu mezani: kama nimelipa mikopo yangu yote kwa wakati, kwa nini riba yangu ni sawa na ya aliyeshindwa?

Swali hilo linawahusu pia wasomaji wenye hisa za mabenki. Mkopo ukipita siku 90, benki hulazimika kutenga fedha za kufidia hasara, na fedha hizo hukatwa katika faida ambayo gawio hutoka humo. Kwa hiyo mwekezaji mdogo anayesoma hesabu za benki aangalie kiwango cha mikopo chechefu kabla ya kuangalia ukubwa wa faida. Mwenye hisa na mwenye kibanda wote wananufaika na kumbukumbu zilizo sahihi.

Kwa wafanyabiashara wa Tanzania

Muuzaji wa vitunguu upande wa pili wa mpaka naye hayuko nje ya mambo haya. Tanzania ilitoa kanuni zake mwaka 2012, na mwaka 2013 kampuni mbili, Creditinfo na Dun & Bradstreet, zilipewa leseni. Utaratibu wake una tofauti moja muhimu: taarifa za mabenki hupelekwa kwanza katika kanzidata ya taarifa za wakopaji iliyoko Benki Kuu ya Tanzania, na kampuni hizo huzichukua humo kutengeneza ripoti. Mkopaji wa Tanzania naye ana haki ya kupata ripoti yake na kupinga makosa. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika mwaka 2023, imeongeza nguvu ya haki hiyo.

Kwa mikopo ya mtaani ambayo Watanzania wameipa jina la "kausha damu", funzo ni lile lile. Mara nyingi anayeishia huko ni mtu aliyefungiwa mlango wa benki, au aliyeamini kwamba umefungwa bila kwenda kuuangalia.

Kabla ya msimu

Mfanyabiashara mwenye busara hukagua mizani yake kabla ya msimu, si siku mteja anapolalamika. Jalada la mikopo nalo likaguliwe miezi miwili kabla ya kuomba fedha za mzigo wa sikukuu. Siku 21 za uchunguzi zitakuwa zimepita, barua ya kumaliza deni itakuwa imepatikana, na kosa la sh. 2,300 litakuwa limeondolewa bila kelele.

Yule wa Kongowea angefanya hivyo, lori lake lingekwisha vuka mpaka wa Horohoro, na sh. 102,000 zingebaki mfukoni mwake badala ya kwenda kwa shailoki.